Malipo Mawili ya Jumamosi Moja

Shamila alikuwa amekwisha kuziosha chupa zilezile mara ya pili, na bado mikono yake haikutaka kutulia. Alizipanga juu ya kitambaa cheupe, akazipangua, akazipanga upya. Chumba kizima cha uani kilinukia asali. Simu yake aliilaza kifudifudi kando ya mizani, kama kwamba akiitazama tena itamrudishia maneno yaleyale.

Kila mwisho wa mwezi benki iliwatumia yeye na Abasi taarifa ya kadi ya biashara yao. Abasi Limbu ndiye aliyekwenda Ipole kununua asali kwa warina, na Shamila ndiye aliyeichuja na kuipakia chupani, hapa nyumbani kwa mama yake, Ng'ambo, mjini Tabora. Akaunti ilikuwa moja, kadi moja, na kadi ilikaa mfukoni mwa Abasi kwa sababu yeye ndiye msafiri. Tangu siku ya kwanza walikubaliana kwamba kadi ile hainunui soda wala vocha. Ni ya asali tu.

Sasa taarifa ya mwezi ilionyesha mgahawa. Anselm na Nduguze, Chakula na Vinywaji, Shinyanga. Jina hilo Shamila hajapata kulisikia maishani mwake. Nalo lilitokea mara mbili, siku moja, Jumamosi: malipo ya kwanza makubwa kama ya mlo wa mgeni, ya pili madogo kama ya kikombe cha chai.

Jumamosi ile Abasi alisema yuko Ipole.

Na tangu Jumamosi ile Abasi alikuwa mwingine. Akileta madumu ya asali alisimama mlangoni, akatazama viatu vyake. Zamani macho yao yakikutana, mmoja wao lazima acheke. Zamani alisema mshenga atakuja mvua zikikatika. Mvua zilikwisha kukatika, vumbi likarudi barabarani, na habari za mshenga hakuzitaja tena.

Shamila aliigeuza simu, akapiga.

"Shami!" Sauti ya Abasi ilikuja na upepo. "Asali ya leo ukiiona utaipenda. Nyeupe kama..."

"Shinyanga ulifuata nini?"

"Shinyanga? Mimi?"

"Anselm ni nani?"

"Simjui Anselm yeyote. Kuna nini?"

"Jumamosi ile, kabla ya mwezi kuandama. Ulikula wapi?"

Upepo ukavuma simuni. Kwa mbali mtu alikuwa akimwita mwenzake kwa Kinyamwezi.

"Hayo tuyaache mpaka nirudi," Abasi akasema polepole.

"Kwa hiyo ulikula."

"Shami, nimesema nikirudi."

"Ulikula na nani?"

"Sikula na mtu. Wallahi sikula na mtu."

"Malipo ni mawili, Abasi! Mtu mmoja ana matumbo mangapi?"

Shamila akakata simu, kisha akajuta, kisha akakasirika kwa kujuta kwake.

Mama yake, Bi Mwanamkuu, alikuwa amesimama mlangoni na kofia aliyokuwa akiidarizi, uzi umebanwa kati ya midomo. Alikuwa mjane, fundi wa kofia aliyejulikana mji mzima, na masikio yake hayakuwa na uzee.

"Ni yule mchunga ng'ombe wako?"

"Mama, Abasi ni mfanyabiashara."

"Kwao Ziba wanafuga au hawafugi?"

"Wanafuga."

"Basi. Uchungaji hautoki kwa sabuni." Akautoa uzi mdomoni. "Mimi sikatai umaskini wa mtu, sikatai umbali wa kwao. Nakataa mtu asiyejua kukaa na watu."

"Umemwona wapi akashindwa kukaa na watu?"

Bi Mwanamkuu akageuka kurudi barazani. "Unakwenda wapi na mtandio huo? Hujanywa hata chai."

"Benki," Shamila alisema, na alikuwa amekwisha kufika uchochoroni.

*

Benki, dawati la kadi lilikuwa la binti aitwaye Flavia, mpole, mwenye desturi ya kumsukumia mteja kiti kabla hajaulizwa shida yake. Alimtazama Shamila usoni, akamletea maji kwanza.

"Kunywa, dada. Kisha unionyeshe."

Shamila akamwonyesha mistari miwili. "Sisi hatumjui mtu huyu. Nataka kuyapinga malipo haya."

"Sawa. Ukiweka pingamizi, tunaifunga kadi sasa hivi. Benki ya mwenye mgahawa inaulizwa, naye atatakiwa kuonyesha slipu. Kama ni wizi, mnarudishiwa." Flavia alibofya kompyuta, akainama karibu. "Ila hapa kuna jambo. Aliyelipa aliingiza namba ya siri. Mara zote mbili, bila kukosea."

Shamila aliweka maji chini. "Namba tunaijua wawili tu."

"Na huyo wa pili umemwuliza?"

"Anasema nikirudi, nikirudi."

Flavia alichukua kalamu. Alipiga simu makao makuu, akasoma namba ya mashine iliyopokea malipo, akasikiliza, akaandika kwenye kijikaratasi.

"Anselm ndiye mwenye leseni, na leseni aliikatia Shinyanga," alisema. "Lakini bango la mlangoni linaweza kuwa na jina jingine kabisa, na mashine inaweza kufanya kazi mji mwingine. Hii iko hapahapa Tabora, dada. Barabara ya stesheni. Kwa Mama Veneranda."

"Hapa mjini?"

"Hapa mjini."

Shamila alijaribu kujua kama hiyo ni nafuu au ni msiba zaidi. Shinyanga kungekuwa na safari, kungekuwa na dharura. Lakini Tabora, njia ya stesheni, na yeye yuko nyumbani akimngoja mtu wa Ipole?

"Funga kadi," akasema.

Flavia aliweka kalamu chini. "Nitafunga ukiniambia tena. Lakini nikiliandika hili, nimeandika kwamba kuna mwizi. Kama mwenzio ndiye aliyekula, wewe ndiye utakayekuwa umemwita hivyo, na halifutiki kirahisi. Pale pa Mama Veneranda si mbali. Nenda kwa miguu yako, uulize. Nitakungoja mpaka tufunge. Namba yangu hii hapa."

*

Mgahawa wa Mama Veneranda ulikuwa safi, wenye harufu ya mchele uliokaangwa kwa kitunguu. Mbele palikuwa na meza za wageni. Nyuma, kiambaza cha mbao kiligawa ukumbi, na upande wa pili kilisimama kimeza kimoja kilichoelekea jikoni. Mwenyewe alikuwa mama mnene wa Kinyamwezi, msalaba mdogo shingoni, mikono hadi viwikoni imejaa unga.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Keti. Una njaa au una shida?"

"Nina shida." Akamtolea simu. "Malipo haya yalifanyika hapa?"

Mama Veneranda alijifuta mikono, akaisogeza simu mbali na macho yake ili asome. "Anselm ni kaka yangu, leseni yake hiyo. Ndiyo, ni hapa. Watu wengi huja kuniuliza, wanadhani wameibiwa." Akamrudishia. "Ni kijana mrefu, mweusi, ana kovu dogo kwenye nyusi?"

"Ndiye."

"Huyo siwezi kumsahau."

Shamila aliukaza mtandio wake. "Alikuja na mwanamke?"

"Alikuja na mwanamke."

Basi. Ndivyo ilivyokuwa. Shamila alishika ukingo wa meza. Alitaka kuondoka na alitaka kujua yote.

"Mzuri?" akauliza, sauti ikamtoka kama ya mtoto.

"Mzuri alikuwa, enzi zake." Mama Veneranda akacheka. "Bi mkubwa wa mjini, baibui limenyooka, hina kwenye kucha. Na mkali! Chai yangu hakuitaka mpaka kikombe kisuuzwe kwa maji ya moto mbele ya macho yake. Nikasuuza. Akasema, 'Tena.'"

Shamila akaketi bila kutaka. Katika Tabora nzima alikuwepo mtu mmoja tu wa kusuuziwa kikombe mara mbili, na mtu huyo alikuwa barazani Ng'ambo akidarizi kofia.

"Ni mama yangu," alinong'ona.

"Ah! Basi mambo nimeyaelewa. Ndiyo maana!"

"Maana ya nini?"

"Ya meza mbili! Kijana alimketisha bi mkubwa hapa mbele, pazuri, kwenye feni. Yeye akapita nyuma ya kiambaza. Nikamwambia, baba, mbona nafasi ipo mezani kwa mgeni wako? Akaniambia kwa Kinyamwezi, 'Mama, siwezi kula mbele yake.' Basi mimi ni mtu wa huku, sikuuliza tena. Kwetu mkwe hali mbele ya mama mkwe. Hamtazami machoni, hampi kitu mkononi. Mama mkwe akiingia ndani, hapo unaweza kukaa ule. Vijana wa siku hizi wamekwisha kuyaacha hayo. Yeye hakuyaacha."

"Lakini hatujaoana. Hata mshenga hajaja."

"Ndiyo hapo penyewe, mwanangu. Asiye na nia nawe angekaa na mama yako meza moja, wakatafuna kuku, wakacheka. Huyu moyoni mwake alikwisha kuwa mkwe." Mama Veneranda alivuta kiti, akaketi, akausahau unga. "Na chakula cha bi mkubwa alikilipia kabla hajala, asije akadaiwa mezani. Mimi kuku nachoma. Yeye akaniomba nimchemshe mpaka alegee kabisa, akasema bi mkubwa taya linamsumbua. Yeye mwenyewe alikunywa chai tu, akailipia mwisho. Ndiyo hayo malipo mawili."

Taya. Shamila alikumbuka siku aliyomwambia Abasi jambo hilo, kwa kupita tu, wakibandika karatasi kwenye chupa. Hakudhani hata kama alimsikia.

Alimpigia Flavia palepale. "Usifunge," alisema. "Malipo yote mawili ni yetu."

"Uko salama, dada? Unalia?"

"Nalia, lakini niko salama."

Kisha akampigia Abasi. Alimwambia maneno machache tu: yuko kwa Mama Veneranda.

*

Abasi aliingia alasiri, vumbi la njia ya Sikonge limemfanya mwekundu hadi kope. Kofia ya pikipiki aliishika mikononi mbele ya tumbo kama mtu aliyeitwa na hakimu. Alitazama meza ya mbele, akatazama kiambaza, akamtazama Shamila. Safari hii hakuyaondoa macho.

"Umekwisha kujua," alisema.

"Nimejua kwa watu baki! Kwa nini si kwako?"

"Niliahidi. Aliniapisha nisikuambie kwamba tumeonana."

"Nami nikakaa mwezi mzima nikidhani umenichoka."

"Nikuchoke wewe?" Akaketi, akasimama, akaketi tena. "Mama yako alinipigia kwa namba iliyo kwenye chupa zetu. Akasema nisije nyumbani, majirani wana macho, tuonane njia ya stesheni. Nilikuwa nimekwisha kufika Sikonge, njiani kwenda Ipole. Nikageuza. Sikuwa na kitu mfukoni, simu ilikuwa inaishiwa chaji, nikatumia kadi yetu. Kuzirudisha fedha bila kukueleza nilishindwa, na kukueleza nilikwisha kukatazwa."

"Alikuitia nini?"

Abasi alikikwaruza kidogo kibandiko kwenye kofia ya pikipiki. "Kwanza alitaka kunitazama. Sikukaa akanitazama. Akaongea, nami namjibu nikiwa nyuma ya mbao. Nilisikia sauti yake inapanda. Mwisho akasema nisitume mshenga."

"Ukamjibu nini?"

"Nilimwambia, 'Mama, mengine yote nitakutii. Hilo siliwezi.' Akainuka akaondoka. Nusu ya kuku akaiacha."

Shamila alitaka kucheka na kulia kwa wakati mmoja, akafanya vyote. "Si ungemwambia tu kwamba kwenu ni heshima!"

"Ningemwambiaje, Shami? Mama, nakupa mgongo kwa kuwa nakuheshimu sana? Mtu unaanzaje kusema hivyo?" Sauti ikamshuka. "Nami namjua mjomba wangu. Akija kuposa akarudishwa mlangoni, harudi tena. Nikaona bora nisubiri hasira ipoe. Kila siku nasubiri. Kila siku naogopa umpate mwingine wa hapa mjini, anayejua kukaa na mama yako."

Mkono wake ulikuwa juu ya meza, umepasuka kwa kazi, una nta ya nyuki chini ya kucha. Shamila aliweka wake juu yake. Mama Veneranda, aliyekuwa akifuta meza ambayo tayari ilikuwa safi, alikumbuka ghafla kwamba ana kitu jikoni.

"Twende," Shamila akasema.

"Wapi?"

"Nyumbani."

"Shami, nitakaa wapi?"

"Utasimama palipo na kona. Mengine niachie mimi."

*

Bi Mwanamkuu alikuwa mkekani barazani. Sinia la wali lilikuwa limefunikwa kando yake. Hakula, kwa sababu binti yake hajala.

"Benki gani inafungwa alasiri?" alianza.

"Mama, Jumamosi ile ulikwenda kwa Mama Veneranda."

Sindano ilisimama hewani. "Amekwambia. Aliapa, na amekwambia! Unaona sasa?"

"Hakuniambia yeye. Ni kadi. Alikulisha kwa kadi yetu, nikaona malipo, nikaenda kuyapinga benki. Kidogo nimwite mwizi, mama, kwa maandishi."

Bi Mwanamkuu aliiweka kofia chini. "Basi ujue yote. Mimi nilikwenda kwa nia njema. Nilisema nimwone kijana anavyokula, anavyoongea, mtu hujulikana mezani. Sisi mgeni tunakula naye sinia moja, mkono kwa mkono. Yeye kanitupa mezani kama mzigo wa stesheni, akaenda kujificha! Nilikuwa naongea na mbao, Shamila! Mbao inanijibu, 'Ndiyo, mama.' 'Hapana, mama.' Watu wananitazama wanadhani nimerukwa na akili!"

Shamila aliuma mdomo asicheke. Akapiga magoti mkekani, akamweleza. Alieleza polepole, kama alivyoelezwa: kwa nini hakumtazama, kwa nini hakumpa kikombe mkononi, kwa nini alikunywa chai peke yake akielekea jikoni. Mama yake alisikiliza uso umekazwa.

"Hizo ni mila zao," alisema mwishoni. "Mimi zangu nani atazifuata?"

"Kuku ulimwonaje?"

"Kuku gani?"

"Uliyemla pale."

"Alikuwa laini. Ndicho kitu pekee cha maana siku ile. Yule mama anajua kupika."

"Yule mama anachoma, mama. Kuku wake wote ni wa kuchoma. Abasi ndiye aliyemwomba akuchemshie mpaka alegee, kwa ajili ya taya lako. Mimi nilimtajia mara moja tu, zamani."

Bi Mwanamkuu alipeleka mkono shavuni, upande ule unaouma, akauacha hapo. Barabarani muuza mkaa alipita akiita. Jirani alisalimia, na mara hii hakujibiwa.

"Yuko wapi?" akauliza.

"Konani, na pikipiki yake."

"Amekula?"

"Tangu asubuhi hajala."

Mama yake alinawa mikono. Alilifunua sinia, akachukua sahani, ile yenye maua ambayo hutolewa Idi tu, akapakua wali, akachagua mnofu, akarudisha mmoja, akachagua mkubwa zaidi. Akafunika kwa kawa. Kisha akajikongoja kuinuka, mkono kwenye goti, akakataa kusaidiwa.

"Mwite aketi hapa mkekani," alisema. "Mimi naingia ndani."

"Mama..."

"Si umesema hali nikiwepo? Basi sipo."

Akaingia, akaurudisha mlango nyuma yake.

Abasi alikuja akitembea kama mtu anayepita juu ya mayai. Aliuona mlango uliofungwa, akaiona sahani. Alinawa. Akaketi, mgongo umeuelekea mlango. Shamila aliketi mbali kidogo, akamtazama akila tonge la kwanza, la pili, kisha kwa njaa ya kweli, na ule wasiwasi uliomkimbiza mji mzima tangu asubuhi ukamtoka taratibu.

Kutoka ndani ikaja sauti ya Bi Mwanamkuu, ya chini, kama anayeongea na ukuta.

"Anakula?"

"Anakula, mama."

Kitanda kikalia ndani, mtu ameketi.

"Mwongezee mchuzi," sauti ikasema. "Sufuria liko jikoni, nimeliacha na moto."